UZI: Ramón Valdés, mtu wa pembeni kutoka Meksiko aliyedaiwa kodi ya miezi 14 na bara zima likampenda

MzeeWaKona (mwanzisha uzi)

Wakuu, habari za jioni.

Ni mwaka wa saba sasa napiga kazi jikoni kwenye mgahawa mmoja hapa Houston, Texas. Wenzangu karibu wote ni Wameksiko. Juu ya sinki la kuoshea vyombo kuna picha imebandikwa, na siyo ya Bikira wa Guadalupe, huyo yupo upande wa pili karibu na friji. Ni ya mzee mwembamba kama ufito, masharubu, fulana nyeusi, jinzi, kofia ya kitambaa imekaa kichwani kama imedondoka toka juu. Mwezi wa kwanza nilijua ni marehemu wa familia ya mtu, nikawa napita kwa adabu. Siku nikauliza. Mpishi mmoja wa Puebla akanitazama kama nimemuuliza jua ni kitu gani.

"Don Ramón," akasema. Akaendelea kukata vitunguu.

Nikarudi geto, nikaingia YouTube, na mpaka leo sijatoka. Kihispania changu chote nimekiokota humo na hapo jikoni, kwa hiyo mkiniona naongea kama mtu anayekimbia mwenye nyumba, mjue chanzo.

Nashusha uzi huu kwa sababu moja. Sisi tumekuzwa na steringi. Steringi hafi, steringi ndiye anachorwa kwenye kasha la kanda, steringi ndiye tunamjua jina. Huyu mzee, Ramón Valdés, mwigizaji aliyemcheza Don Ramón kwenye kipindi cha vichekesho, hakuwahi kuwa steringi hata siku moja. Zaidi ya miaka ishirini alikuwa yule jamaa anayeonekana nyuma ya bega la mtu, anatupa sentensi mbili, anaondoka. Halafu akaja kuwa uso unaopendwa kuanzia Meksiko mpaka Peru mpaka Brazil. Nataka tuone alifikaje hapo.

Siti_ya_Mbele

Nipo. Shusha mkuu, bando lipo.

MzeeWaKona

Alizaliwa jijini Mexico City tarehe 2 Septemba, miaka ya mwanzo ya 1920, kwenye familia yenye watoto wengi na pesa chache. Baba alikuwa mtu wa forodha, kwa hiyo walihamishwa hamishwa, na Ramón akakulia Ciudad Juárez, mji wa mpakani kabisa. Ukivuka mto tu upo El Paso, Texas.

Sasa shikeni hapa. Kaka yake mkubwa aliitwa Germán Valdés, ila hakuna anayemwita hivyo. Ni Tin Tan. Huyu alianzia redioni hukohuko Juárez, akatoka na staili ya vijana wa mpakani walioitwa pachuco: koti refu mpaka magotini, suruali pana, mnyororo unaning'inia, na lugha ya kuchanganya Kihispania na Kiingereza. Wasomi wa lugha walikereka, watu wa kawaida wakafa naye. Mwisho wa miaka ya 1940 Tin Tan alikuwa nyota kamili wa sinema ya Meksiko, enzi ambayo wenyewe wanaiita ya dhahabu.

Na Tin Tan alikuwa na tabia ambayo sisi tunaielewa bila kufafanuliwa. Akipata, anapata na ukoo. Ndugu zake wakaingizwa kazini. Mmoja wao, Manuel, jina la utani El Loco, yaani Kichaa, akaja kuwa nyota mwenyewe kwenye televisheni (kafariki 2020). Antonio, waliyemwita Panya, naye akachekesha. Na Ramón.

Filamu ya kwanza ya Ramón ni *Calabacitas tiernas* ya 1949, mwongozaji Gilberto Martínez Solares, steringi kaka mtu. Kuanzia hapo fuata filamu za Tin Tan za miaka ile, *El rey del barrio*, *Simbad el mareado*, *El revoltoso*, na utamwona Ramón kapita. Mara yumo kwenye genge, mara kasimama tu, mara anapokea kofi lililotakiwa limpate mwingine. Jina lake kwenye orodha ya mwisho lipo chini kabisa, mahali ambapo watu wameshaanza kuvaa viatu watoke.

Nilitumia wikiendi nzima kumtafuta. Ukishamjua unamwona hata akiwa nyuma ya watu sita. Ana kitu: wenzake kwenye fremu wanasubiri zamu yao ya kuongea, yeye *anasikiliza*. Anamtazama anayesema, uso unabadilika taratibu, anameza mate. Hakuna anayemlipa kwa hilo. Kamera yenyewe haimhitaji.

Njoro_254

Wazee, mimi Mexico naijua kwa Paloma na Diego tu. *Cuando Seas Mía* ikianza kwetu hakuna mtu alikuwa anapika. Mum alikuwa anaunguza ugali. Huyu mzee alikuwa kwa hizo?

MzeeWaKona

Hapana Njoro, huyu ni wa vichekesho, hizo tamthilia za machozi ni idara nyingine. Ila undugu upo. Yule mdogo wake Kichaa alizaa na Verónica Castro, mama wa *Los ricos también lloran*, ile ya matajiri nao hulia. Mtoto wao ni Cristian Castro, mwimbaji. Kwa hiyo Don Ramón ni baba mdogo au baba mkubwa wa Cristian, mnavyohesabu wenyewe. Mkubwa, kwa sababu Ramón alimtangulia Manuel.

Njoro_254

Hiyo family ni kama kampuni.

MzeeWaKona

Tuendelee. Miaka ya 1960 ile enzi ya dhahabu ilishakwisha. Filamu zilizidi kuwa za bei rahisi, pesa na watazamaji wakahamia kwenye televisheni. Mtu wa pembeni ndiye wa kwanza kulikosa pato mambo yakibana, na Ramón alikuwa na watoto. Walifika kumi kwa ndoa zake zote.

Hapo ndipo anaingia Roberto Gómez Bolaños. Huyu alikuwa mwandishi, mfupi, kalamu yake haina breki. Mwongozaji mmoja alimbatiza "Shakespeare mdogo", Kihispania kikalikanyaga jina likatoka Chespirito. Mwaka 1968 alipewa vipindi kwenye stesheni changa iliyorusha Canal 8, akaanza kukusanya watu. Mmoja wa aliowachukua ni Ramón.

Kipindi chao cha mwanzo kilikuwa kinakejeli ule mtindo wa wasomi kukaa mezani na kujibu maswali ya watazamaji. Waliokaa: Chespirito kama daktari mzee, Rubén Aguirre kama profesa, dada mmoja mdogo wa umbo aitwaye María Antonieta de las Nieves, na Ramón kama "Ingeniebrio". Neno hilo ni injinia na mlevi vimeshonwa pamoja. Injilevi, tuseme. Kazi ya Injilevi ilikuwa kujibu maswali ya kitaalamu akiwa hoi. Na pale mara ya kwanza kamera ikawa inamsogelea.

Juni 1971 Chespirito akaandika kipande kifupi juu ya mtoto yatima anayejificha ndani ya pipa kwenye nyumba ya kupanga. Kikapendwa, na Februari 1973 kikawa kipindi kamili: *El Chavo del 8*. Hiyo 8 mwanzoni ilikuwa namba ya chaneli tu. Stesheni zilipoungana mwaka huohuo zikawa Televisa, ikabidi Chavo apewe chumba namba 8 ili jina lisipotee.

Juni 1973 Tin Tan akafariki. Yaani mwaka ambao kaka alizimika ndio mwaka ambao mdogo mtu aliwaka.

Binti_Kiembe

Mkuu hebu tueleze hiyo nyumba ikoje, sisi ambao hatujaiona.

MzeeWaKona

Binti Kiembe, umeshaiona. Wao wanaita *vecindad*. Ni ua katikati, vyumba vinazunguka, bomba la maji ni la wote, kamba za nguo, mtoto wa huyu kapigwa na mtoto wa yule, mama kashatoka na kanga imekazwa. Toa jina la Kihispania weka Manzese.

Chumba 14 anakaa Doña Florinda, mjane anayejiona wa daraja la juu, na mwanaye Quico mashavu puto. Chumba 71 yupo Doña Clotilde, mwanamke wa makamo ambaye watoto wanamwita mchawi. Chumba 72 ndipo yupo Don Ramón, mjane naye, na binti yake Chilindrina, ndiye yule dada mdogo wa umbo niliyemtaja. Mwenye nyumba ni Señor Barriga, tumbo mbele, anakuja kukusanya kodi. Kila akitia mguu getini Chavo anampiga na kitu bila kukusudia, na kila akigonga 72 Don Ramón hayupo, au anaumwa, au yupo chini ya kitanda. Miezi 14. Inaongezeka miaka yote ya kipindi na bado inabaki 14.

Sasa angalieni ufundi. Chavo anachezwa na mwanaume wa miaka arobaini na kitu. Quico ni mwanaume mzima kavaa suti ya baharia. Chilindrina ni mama mtu kang'oa jino la mbele kwa rangi nyeusi. Watu wazima wamevaa kaptula wanalia. Ili uongo wa namna hiyo ukubalike, lazima pale uani awepo mtu mmoja wa kweli, ambaye ukimwona unasema huyu namjua, huyu alinikopa juzi. Wenzake wamesimulia mara nyingi kwamba Chespirito hakumtaka aigize chochote, alimtaka awe yeye mwenyewe. Hata jina hakubadilishiwa. Alikuja na nguo zinazofanana na za nyumbani kwake, akaingia uani, kazi ikaanza.

Na kuna lile kofi. Nimeliangalia sijui mara ngapi, ngoja nilifungue kama fundi redio.

Quico analia ukutani. Mama anatoka mbio, hajauliza, anamkuta Don Ramón yupo karibu, *pwaa*. Anamwambia mwanaye wasichangamane na watu wa hovyo. Quico anamsukuma mzee kifuani na kurudia tusi, hovyo hovyo, anaondoka. Mlango unafungwa. Kwa sekunde chache mzee yupo peke yake na fedheha, anajizungusha, shavu kalishika. Anakuja Chavo na sura ya huruma kabisa, anamuuliza swali la kijinga linalomhusu bibi wa huyo mzee. Kofia inavuliwa, inapigwa chini, inakanyagwa. Ngumi moja utosini kwa Chavo. Kisha anaanza kusema kwa nini hataongeza ya pili.

Ni uleule mpangilio kila wiki. Unajua kofi linakuja, unajua swali la bibi linakuja, na bado unacheka, kwa sababu kila mara zile sekunde za katikati anazijaza tofauti. Siku moja ana hasira, siku nyingine amechoka tu, siku nyingine ni kama anajiuliza hivi kweli nilikosea wapi. Miaka ishirini ya kusikiliza nyuma ya bega la watu imehifadhiwa mle.

Kigogo_wa_Tegeta

Mkuu naheshimu uzi, lakini si unamkuza? Mtu kacheza nafasi moja, tena unasema mwenyewe hakuigiza, alikuwa yeye. Hapo uigizaji uko wapi?

MzeeWaKona

Swali zuri, nililingojea.

Kwanza, jaribu kuwa wewe mwenyewe mbele ya kamera na taa na watu wa sauti. Utajikuta unatembea kama umevaa viatu vya jirani.

Pili, hakucheza moja. Chespirito alikuwa na kipindi cha pili sambamba, *El Chapulín Colorado*, shujaa mwoga anayevaa nyekundu na antena kichwani. Kule kila wiki ni hadithi mpya, na timu ni ileile, kwa hiyo Ramón alilazimika kuwa kila mtu. Alikuwa Tripaseca, jambazi wa mjini. Alikuwa Rascabuches, jambazi wa kwenye farasi. Alikuwa haramia Alma Negra, na hapo anatisha kidogo kweli, naapa. Na alikuwa Súper Sam.

Súper Sam inabidi muione. Wamechukua shujaa wa Kimarekani wa kuruka angani, wakamvalisha kofia ndefu ya yule mzee wa kwenye mabango ya Marekani, silaha yake ni mfuko wa pesa. Watu wakipata shida wanamwita Chapulín, anajipenyeza Súper Sam ambaye hakuitwa, na Kihispania chake kibovu cha kigeni. Wenyewe wanamfukuza. Sasa mtu amekulia mpakani, El Paso anaiona kwa macho, kaka yake kajengea jina kwenye mchanganyiko wa lugha hizo mbili. Hakuwa na haja ya kufundishwa namna ya kumcheza Mmarekani. Jikoni kwetu hapa Texas wakiweka kipande hicho tajiri akiwa hayupo, sufuria zinaungua.

Linganisha Alma Negra na mzee wa 72, mwili uleule mkavu, kisha urudi uniambie.

Kigogo_wa_Tegeta

Nimeangalia Alma Negra. Nakubali, naomba radhi kwa uzi.

Mwana_Tanga

Mnanikumbusha King Majuto. Naye alikuwa anakaa tu kimya unacheka.

MzeeWaKona

Mwana Tanga huyo anahitaji uzi wake. Ufungue, nitakuja kukaa mbele.

Sasa sehemu ambayo siipendi.

1978 Carlos Villagrán, yule Quico, aliondoka. 1979 Ramón naye akaondoka. Kuhusu sababu, kila aliyekuwepo ana simulizi lake na wengi wao wamelisimulia kwenye televisheni wakiwa wamenuna, kwa hiyo sitaki kuchagua upande. Mwaka huohuo ilitoka filamu ya timu nzima, *El Chanfle*, ya mambo ya mpira na klabu ya América, yupo ndani.

Kwenye hadithi ikasemwa Don Ramón kaenda kutafuta kazi. Na hapa ndipo utajua mtu wa pembeni ni nani. Aliondoka mmoja, vikafa vitano. Señor Barriga hana wa kumdai. Doña Florinda hana wa kumpiga. Doña Clotilde hana wa kumpelekea keki. Chilindrina hana baba. Chavo hana wa kumuudhi akampa ngumi na baadaye akampa mkate. Ikabidi waandike bibi wa Chilindrina, Doña Nieves, achukue deni na makofi, akichezwa na dada yuleyule anayecheza Chilindrina. Wakaleta mzee wa posta, Jaimito. Hadithi nyingi zikahamia kwenye mgahawa wa Doña Florinda. Wote walifanya kazi nzuri, simdharau mtu. Lakini uani pale palikuwa na tundu na wote walikuwa wanatembea kwa kulizunguka.

1981 alirudi kwa muda mfupi, akaondoka tena. Mwaka uliofuata alikuwa Venezuela na Villagrán kwenye *Federrico*. Akazunguka na sarakasi nchi nyingi, Peru walimpokea kama mtoto wao. Kazi yake ya mwisho ya televisheni ni *¡Ah qué Kiko!*, 1987 kuelekea 1988, na humo Villagrán tena. Ukitazama vipindi hivyo utaona nguo zimekuwa kubwa. Nguo hazikubadilika. Ilikuwa saratani ya tumbo. Alikuwa mvutaji wa sigara wa siku zote.

Alifariki Mexico City tarehe 9 Agosti 1988, umri wa miaka sitini na ushei.

Yule "mchawi" wa chumba 71, Angelines Fernández, alikuwa Mhispania aliyehamia Meksiko baada ya vita vya kwao. Ndani ya kipindi alimpenda Don Ramón miaka yote na yeye akawa anamkimbia. Nje walikuwa marafiki wa kweli. Edgar Vivar, ndiye Señor Barriga, amesimulia kwamba siku ya msiba mama yule alisimama kando ya jeneza kwa masaa akimlilia, hataki kuondoka. Mwaka 1994 alipofariki yeye, alizikwa makaburi yaleyale, Mausoleos del Ángel.

Binti_Kiembe

Hapo mwisho umenitoa machozi nipo ndani ya daladala watu wananiangalia.

Siti_ya_Mbele

Mkuu na Brazil ilikuwaje? Nimeona fulana zenye sura hiyo, nikadhani ni mwanamapinduzi.

MzeeWaKona

Hahaha, si wewe tu. Brazil kipindi kilianza kurushwa SBT mwaka 1984 kwa Kireno, kikaitwa *Chaves*, na yeye akawa Seu Madruga, sauti kaweka Carlos Seidl. Wabrazil wamemfanya wao kabisa. Fulana, michoro ukutani, vikatuni vya mitandaoni. Wengi wa wanaovaa fulana hizo walizaliwa yeye keshazikwa.

Agosti 2020 kipindi kilitolewa hewani dunia nzima kwa sababu ya mvutano wa haki kati ya Televisa na familia ya Chespirito, kikarudi 2024. Miaka hiyo minne wenzangu jikoni walikuwa wanarushiana vipande vya WhatsApp kama watu wanaouza magendo.

Njoro_254

Nianze wapi? Sina Kihispania.

MzeeWaKona

Njoro, anza na vipindi vya safari ya Acapulco vya 1977. Ua mzima umehamia ufukweni, na ni kama mara ya mwisho kuwaona wote wakiwa pamoja na furaha. Lugha haitakusumbua, mtazame usoni tu. Ukitoka hapo nenda kwenye vile anavyobadilisha kazi: kinyozi, mpiga picha, fundi viatu, muuza maputo. Ana falsafa yake kwamba kazi mbaya haipo, ubaya ni kulazimika kuifanya. Halafu ndio uingie Súper Sam.

Mwana_Tanga

Na ile picha juu ya sinki bado ipo?

MzeeWaKona

Ipo, ina mafuta ya miaka. Juzi yule mpishi wa Puebla kanikumbusha dola ishirini zake za tangu Krismasi. Sikujibu, nikanyoosha tu kidole kwenye picha. Kaangalia picha, kaniangalia mimi, kavua kofia yake ya kazi akaipiga chini.